Gibbous ni mwezi gani huo? Mwongozo kamili wa kulielewa na kulitumia neno hili ukiwa Mombasa

Fungua apu ya hali ya hewa kwenye simu yako, shuka chini mpaka pale wanapoonyesha mwezi, na kama leo ni tarehe kumi au kumi na moja ya mwezi wa Kiislamu utakuta wameandika "Waxing Gibbous". Wengi wakifika hapo wanaguna wanaendelea na mambo yao, manake neno lenyewe shule halifundishwi sana, na ukimuuliza mtu anakwambia hayo ni mambo ya sayansi. Mimi naona ni hasara. Hili neno linataja umbo la mwezi ambalo sisi watu wa pwani tunaliona karibu nusu ya kila mwezi, na ni umbo linalokwambia maji ya bahari yanaelekea wapi, usiku utakuwa na mwanga mpaka saa ngapi, na tarehe ya Kiislamu ni ngapi hata kama huna kalenda ukutani. Kwa hivyo tulijifunze pole pole tukiangalia mbingu ya hapa hapa Mombasa, sio picha za vitabu vya Ulaya, na hilo la picha ntalieleza mbele kwa sababu limewapotosha watu wengi sana.

Kwanza ulitamke na ujue linasema nini

Linaandikwa g-i-b-b-o-u-s. Ile g ni ya "gari", sio ya "jembe", kwa hivyo usiseme jibasi. Matamshi yake yako karibu na "gibas", na uzito unaweka mwanzoni, GI-bas, na hapo hatupati shida manake Kiswahili kimetuzoesha kukazia silabi ya pili kutoka mwisho, na kwenye neno hili hiyo ndiyo ya kwanza. Ile o na u za mwisho hazisikiki zote mbili, ni kama tu kwenye neno "famous".

Asili yake ni Kilatini, gibbus, yaani nundu. Nundu ile ile ya ng'ombe wa zebu. Kwa hivyo kitu kikiitwa gibbous maana yake kimefura upande mmoja, kimetoka nje kwa duara. Mwezi unaitwa hivyo ukiwa umeshapita nusu lakini haujapevuka, au umeshapevuka na unaanza kupungua lakini bado haujarudi nusu, manake ukiutazama unaona upande mmoja ni duara safi na upande wa pili nao umevimba kidogo, haujanyooka kama wa nusu mwezi wala haujabonyea ndani kama wa mwezi mchanga.

Maneno mawili yanayolitangulia ndio yanachanganya watu. "Waxing" hapa haina uhusiano wowote na waxing ya saluni wala nta ya mshumaa, ni kitenzi cha zamani cha Kiingereza kinachomaanisha kukua, na "waning" ni kinyume chake, kupungua. Basi "waxing gibbous" ni mwezi umepita nusu na unaelekea kupevuka, "waning gibbous" ni mwezi umetoka kwenye upevu unaelekea nusu. Hapa pwani mwezi mchanga tunao, mwezi mpevu tunao, mwezi wa kumi na nne tunao mpaka mtu mwenye sura nzuri anafananishwa nao, lakini huu wa katikati kwa mazungumzo ya kila siku tunasema tu "mwezi umekaribia kupevuka" au "mwezi umeanza kupungua", na hiyo inatosha kabisa kueleza maana ya waxing gibbous na waning gibbous kwa mtoto.

Kuna jambo moja la Kiingereza linakera. Mwezi ukiwa nusu machoni, wao wanauita "first quarter", yaani robo. Sio makosa, ni kwamba wanahesabu safari na sio sura: mwezi umemaliza robo ya mzunguko wake. Mzunguko mzima kutoka mwezi mpya hadi mwezi mpya ni siku 29 na nusu hivi, kwa wastani 29.53, kwa hivyo robo ya kwanza inafika karibu siku ya saba na kitu, upevu karibu siku ya kumi na tano kasoro, robo ya mwisho siku ya ishirini na mbili. Sasa piga hesabu mwenyewe, kutoka siku ya saba na kitu mpaka ishirini na mbili, ukitoa tu ule usiku wa upevu wenyewe, mwezi uko gibbous muda wote huo. Nusu ya mzunguko. Ndio umbo tunaloliona zaidi, halafu kwenye michoro ya watoto, kwenye nembo na kwenye mapambo ya Idd hutalikuta.

Lichore, utalielewa haraka

Chukua karatasi, weka glasi juu yake uzungushe penseli upate duara. Piga mstari katikati kutoka juu mpaka chini. Hapo una nusu mwezi, upande mmoja mweupe, mwingine utie kivuli. Sasa kutoka kwenye ncha ya juu ya ule mstari mpaka ncha ya chini chora upinde unaoingia ndani ya upande wa giza, na upinde huo katikati yake ufike nusu ya njia kati ya mstari na ukingo wa duara. Futa mstari wa mwanzo, paka kivuli kile kilichobaki nje ya upinde. Hiyo ni gibbous ya asilimia 75, kamili, manake umbali wa ule upinde kwenye kipenyo ndio sawa sawa na sehemu ya uso uliopata mwanga. Ukitaka asilimia 90 sukuma upinde mpaka ubakishe moja ya kumi ya kipenyo.

La kushika hapo ni zile ncha mbili. Lazima upinde uanzie na uishie kwenye ncha za kipenyo, juu kabisa na chini kabisa, manake huo upinde ndio mpaka wa mchana na usiku kwenye mwezi na unauzunguka mwezi wote. Wengi wanachukua glasi ya pili wanaipachika pembeni wanachora kipande kilichong'atwa, na picha inatoka kama mtu ameuma biskuti. Hiyo sio gibbous, hiyo ni sura ya kupatwa kwa mwezi, ambapo kivuli cha dunia ndicho kinachoukata, na kupatwa kwa mwezi kunatokea usiku wa mwezi mpevu tu. Nimeona hata vitabu vya kupaka rangi vya watoto vina kosa hilo na inauma kidogo, manake mtoto akishalikariri hivyo akitazama juu hakuti kile alichochora.

Sasa toka nje na chungwa

Hili ndilo zoezi ninalolipenda kuliko yote na halina gharama. Subiri tarehe kumi au kumi na moja ya mwezi wa Kiislamu, siku isiyo na mawingu, nenda mahali panapotazama bahari upande wa mashariki, Mama Ngina kwa mfano, au ufuo wa Nyali, saa kumi na moja jioni hivi. Jua liko nyuma yako linashuka upande wa bara, na mwezi ushachomoza mbele yako juu ya bahari, mweupe mweupe kama umechorwa kwa chaki kwenye mbingu ya buluu, watu wanapita na mihogo yao na madafu wala hawauoni manake hakuna anayetafuta mwezi mchana.

Shika chungwa, ndimu, au bora zaidi mpira mdogo mweupe wa tenisi ya mezani, nyoosha mkono uuelekeze pale pale ulipo mwezi kiasi kwamba unaviona vyote viwili pamoja, na hakikisha kivuli cha kichwa chako hakiangukii juu yake. Tazama mwanga wa jua ulivyokaa kwenye ule mpira. Sehemu ya juu na ya upande wa jua inang'aa, chini kuna ukingo mwembamba wa kivuli, na ule mpaka kati ya mwanga na kivuli umepinda taratibu. Halafu hamisha jicho kwenye mwezi. Ni umbo lile lile, pembe ile ile, kivuli kiko mahali pale pale. Hakuna maajabu, jua moja linavimulika vyote viwili kutoka upande mmoja na wewe unavitazama kutoka mahali pamoja. Mpe mtoto afanye mwenyewe, hatasahau tena, na pia atajua mwezi hauna mwanga wake na wala sio kivuli cha dunia kinachoukata kila usiku, kitu ambacho hata watu wazima wengi wanaamini.

Unaokua au unaopungua? Achana na kulia na kushoto

Vitabu vingi na tovuti nyingi zinafundisha hivi: mwanga ukiwa kulia mwezi unakua, ukiwa kushoto unapungua. Hiyo ni sawa kwa mtu wa London au Chicago. Kwa mtu wa Cape Town ni kinyume. Kwa mtu wa Mombasa haifanyi kazi kabisa, manake tuko nyuzi 4 tu kusini mwa ikweta na njia ya jua na mwezi hapa inapita karibu utosini, kwa hivyo mwanga wa mwezi wetu haukai kulia na kushoto, unakaa juu na chini. Ndio maana hata mwezi mchanga wetu unalala kama mashua wakati kwenye picha za kizungu umesimama wima. Mwanafunzi wa hapa akitumia ile kanuni ya kulia na kushoto atakosea halafu aone yeye ndio hajui, na kumbe kitabu ndicho kimeandikwa na mtu wa mbali.

Kanuni inayofaa hapa ni hii. Upande wenye mwanga siku zote unatazama lilipo jua. Basi.

Ukiifuata hiyo, waxing gibbous wa Mombasa unachomoza mchana au alasiri, upande wa mashariki, wakati jua liko juu au magharibi, kwa hivyo unapanda ukiwa umeng'aa juu na ukingo wa giza uko chini upande wa bahari. Jioni ukishafika utosini mwanga unatazama magharibi. Usiku wa manane unaposhuka upande wa Changamwe umegeuka, mwanga chini, giza juu, na hapo ndipo mtu aliyeuangalia mara mbili usiku mmoja anadhani amechanganyikiwa.

Waning gibbous ni kinyume. Unachomoza baada ya magharibi, giza likiwa juu na mwanga chini, manake jua litakuja nyuma yake. Na asubuhi watoto wakienda shule bado uko upande wa magharibi, mweupe, umeelekeza mwanga juu kwenye jua linalopanda. Kwa hivyo kama hutaki kukumbuka mengi kumbuka saa: ukiuona mwezi wa nundu mashariki kabla ya jua kuzama, unakua. Ukiuona magharibi baada ya jua kutoka, unapungua. Hukosei.

Ukitaka saa zenyewe kwa makadirio, mwezi unachelewa kuchomoza dakika 50 hivi kila siku. Tarehe 8 unachomoza karibu saa saba mchana, tarehe 11 saa tisa na kitu alasiri, tarehe 13 karibu saa kumi na moja jioni, tarehe 14 na 15 unapishana na jua wakati wa magharibi. Ukishapita hapo, tarehe 16 ni saa moja na kitu usiku, tarehe 18 karibu saa tatu, tarehe 20 karibu saa tano kasoro, na ukifika kuchomoza saa sita usiku basi ushakuwa nusu na neno gibbous unaliweka kando mpaka mwezi ujao. Apu za simu zinatumia saa za kizungu, kwa hivyo wakiandika moonrise 15:10 hiyo ni saa tisa na dakika kumi alasiri, watu wanajua lakini usiku wa usingizi mtu anaweza kusahau.

Kalenda ya msikiti ndio msaada wako

Mwalimu wa sayansi akikwambia ukariri umri wa mwezi utaona kazi, lakini sisi tunao tayari. Kalenda ya Kiislamu inaanza mwezi unapoandama, kwa hivyo tarehe yenyewe ndio umri wa mwezi, ukiongeza au kupunguza siku moja. Usiku wa tarehe 8 mwanga uko zaidi kidogo ya nusu, tarehe 10 karibu robo tatu, tarehe 12 karibu asilimia 90. Kuanzia tarehe 8 mpaka 13 unasema waxing gibbous, 14 na 15 ni upevu, 16 mpaka 21 waning gibbous. Wale wanaofunga zile siku nyeupe, 13, 14 na 15, wanajua vizuri sana sura ya mwezi wa siku hizo hata kama hawajawahi kulisikia neno la Kiingereza.

Kumbuka tarehe ya Kiislamu inaanza magharibi na sio saa sita usiku, ukiwa unalinganisha na simu unaweza kuona tofauti ya siku. Na kuna wanaofuata mwezi ulioonekana hapa na wanaofuata tangazo la Makka, hapo napo kunaweza kuwa na siku moja katikati, haitakuharibia umbo sana, asilimia kumi hivi au pungufu.

Jambo la mwanga ni vizuri kulielewa pia manake linadanganya macho. Ungedhani nusu mwezi unatoa nusu ya mwanga wa mwezi mpevu, sio hivyo, unatoa karibu moja ya kumi tu. Jua likiupiga mwezi kutoka ubavuni mabonde na vilima vyake vinaweka vivuli virefu na mwanga mwingi unapotea, likiupiga kutoka mbele vivuli vinajificha na uso wote unawaka ghafla. Kwa hivyo katika zile siku za waxing gibbous usiku unaongezeka mwanga kwa kasi sana kuelekea mwisho, na wavuvi wa dagaa wanaotega kwa taa wanalijua hilo kwa mifuko yao, mwezi ukishakuwa mkubwa taa zao hazivuti samaki tena na wengi wanapumzika au wanangoja mwezi uzame ndio watoke.

Na maji je

Hapa ndipo neno linapata faida ya kweli kwa mtu wa pwani. Maji yetu yanajaa na kupwa mara mbili kwa siku, na mwezi na jua vikiwa kwenye mstari mmoja, yaani mwezi mpya na mwezi mpevu, nguvu zao zinajumlishana tunapata bamvua, yanajaa sana na yanapwa sana, Kilindini tofauti ya kujaa na kupwa inapita mita 3. Mwezi ukiwa nusu, jua na mwezi wanavuta kila mmoja upande wake, tunapata maji mafu, hayajai sana wala hayapwi sana.

Sasa weka gibbous hapo katikati. Waxing gibbous, maana yake umetoka maji mafu na unaelekea bamvua, kila siku kupwa kunazidi kwenda mbali. Bamvua yenyewe inafika siku moja mbili baada ya mwezi kupevuka, sio usiku ule ule, kwa hivyo siku za kwanza za waning gibbous, tarehe 16 na 17, bado maji yana nguvu na mwamba unatoka wazi, halafu yanaanza kulegea mpaka maji mafu mengine. Siku za bamvua hapa Mombasa maji yanajaa karibu saa kumi, alfajiri na jioni, na yanapwa karibu saa nne, asubuhi na usiku, na kila siku inasogea mbele zaidi ya nusu saa. Kwa hivyo mtu anayekwenda kutafuta pweza mwambani, au anayetaka kutembea na watoto kwenye madimbwi ya mwambani pale Nyali, akiona mwezi umechomoza saa moja usiku na giza limeanza kung'ata juu, anajua asubuhi ya kesho ataenda na mapema saa tatu awe ashafika. Kwa kazi yenyewe angalia jedwali la maji, usiingie mwambani kwa kukadiria mwezi peke yake, maji yakirudi hayangoji mtu.

Neno lenyewe kwenye sentensi za Kiingereza

Gibbous ni kivumishi. Linakaa kabla ya nomino, "a gibbous moon", au baada ya kitenzi, "the moon was gibbous last night". Watu wa anga wanalitumia pia kama jina la hatua yenyewe, "tonight it is a waxing gibbous", na hiyo iko sawa. Waxing na waning zinakaa mbele siku zote, usigeuze ukaandika "gibbous waxing". Usiandike "gibbous crescent", hivyo ni vitu viwili visivyokutana, crescent ni mwezi chini ya nusu. Wala usiandike "half gibbous", nusu ni nusu. Ukitaka nomino ya hali yenyewe ni "gibbosity", lakini hiyo ni ya vitabuni hasa.

Na mahali pa kulitumia upachague. Kwenye insha, hadithi au maelezo ya picha ya mwezi linapendeza sana likitumika mara moja. Kwenye mazungumzo ya kawaida Mwingereza mwenyewe anaweza asilijue, atasema tu "almost full". Usilitumie kwa tumbo la mtu au chungu kilichovimba ukitegemea utaeleweka, ingawa kwa asili yake linaweza, na kwa mtu mwenye kibiongo usilitumie kabisa, zamani waliandika hivyo na leo ni kumkosea mtu heshima.

Nje ya mwezi utalikuta sehemu chache. Madaktari wanatumia "gibbus", bila o, kwa ile nundu ya mgongo inayoweza kuletwa na kifua kikuu kikiingia kwenye uti. Wataalamu wa samaki wana Lutjanus gibbus, samaki mwekundu wa miambani wa Bahari ya Hindi, jina limetokana na mgongo wake ulioinuka. Na sayari nazo. Mars ukiitazama kwa darubini wakati mwingine inaonekana imepungua pembeni kidogo, gibbous, haishuki kabisa mpaka nusu kwa sababu iko nje ya njia ya dunia yetu. Venus, ile nyota kubwa ya jioni au ya alfajiri, inapitia sura zote kama mwezi, na hapo kuna habari nzito. Mwaka 1610 Galileo aliitazama kwa darubini akaona inatoka kwenye umbo la nundu inakuja nusu halafu inakuwa chembamba. Kwa mafundisho ya Ptolemy, mtaalamu wa anga wa zamani, ambapo Venus inazunguka dunia na inabaki siku zote upande wa kati ya dunia na jua, umbo la nundu lisingewezekana kuonekana, ungeona vyembamba tu. Kuonekana kwake gibbous kulimaanisha inapita hadi nyuma ya jua, yaani inalizunguka jua. Umbo moja tu limebomoa mafundisho ya karne nyingi, na ndio mfano ninaowapa wanafunzi wakiniuliza kwa nini mtu ahangaike na jina la umbo.

Kuna na ile picha ya dunia iliyopigwa na William Anders wa Apollo 8 tarehe 24 Desemba 1968, dunia inatokeza juu ya ardhi ya mwezi. Itafute uitazame vizuri. Dunia pale sio duara kamili, ni gibbous, mwanga juu na giza chini, na ukiwa ushafanya lile zoezi la chungwa utajua mara moja jua liko upande gani.

Kama una darubini ya mkono, ya kawaida tu, tarehe 9 au 10 tafuta ule mpaka wa mwanga na giza, hapo kuna shimo kubwa la Copernicus, upana wake kilomita 93, na tarehe 10 hivi pembeni ya giza milima inayozunguka ghuba ya Sinus Iridum inashika jua kabla ya bonde lake, inaonekana kama mpini unaong'aa umening'inia gizani. Usingoje mwezi upevuke ndio utoe darubini, mwezi mpevu hauna vivuli, unaumiza macho na hauonyeshi kitu.

Na wewe unayeandika hadithi, au unayemsaidia mtoto na insha ya Kiingereza, kabla hujaandika hilo neno hakiki saa ya tukio lako. Mhusika wako akiwa anaiona "waxing gibbous moon" ikichomoza baharini usiku wa manane, hiyo haiwezekani, saa hiyo mwezi huo unashuka upande wa bara. Ukitaka uchomoze juu ya bahari saa tatu usiku watu wakiwa wanarudi harusini, andika "waning gibbous" na uuweke giza juu. Ukitaka uwe juu ya vichwa vyao saa mbili usiku baada ya Isha, andika "waxing gibbous" na uwape mwanga mpaka saa saba au saa nane, halafu giza.